Plagini ya Mama Glory

Mteja aliingia dukani, akampita Gaudensi kama anavyopita nguzo ya umeme, akaenda moja kwa moja hadi mwisho wa kaunta na kuuliza, "Samahani, dada wa plagini nimemkuta?"

Gaudensi alikuwa amekaa pale pale, kwenye kiti chake cha siku zote, chini ya bango lenye herufi nyekundu: GAUDE GRAPHICS, MPANDA. Jina lake. Duka lake. Hata bango lenyewe alilichora yeye. Na bado mtu mzima na akili zake timamu anaingia na kumuulizia mke wake, tena si kwa jina, bali kwa cheo.

"Amekwenda kumchukua mtoto shule," akasema. "Kama ni kadi, niambie mimi."

"Aa, basi nitarudi, kaka. Nimeambiwa kazi yake ni ya fasta."

Yule mteja akatoka zake. Gaudensi akabaki anakodolea mlango, mausi mkononi, na roho inamuuma. Hakuna haja ya kuzungushazungusha maneno hapa. Alikuwa anamwonea wivu mke wake wa ndoa, mama wa mtoto wake, mwanamke ambaye yeye mwenyewe ndiye aliyemfundisha namna ya kushika hiyo mausi.

Na kweli alimfundisha. Generosa alipotoka kwao Mwese kuja kuolewa mjini, kompyuta alikuwa anaiona kwenye picha tu. Gaudensi ndiye aliyemwonyesha rangi ipi inakaa na ipi, herufi zipi ni za harusi na zipi ni za msiba, na kwa nini jina la bwana harusi lisikae juu ya ua jekundu mpaka likashindwa kusomeka. Siku hizo mtaa mzima wa Majengo ulijua fundi ni nani. Ukitaka kadi, fulana za msiba, ratiba ya ibada au bango la duka, unakwenda kwa Gaudensi, na ukimkuta ana kazi nyingi unasubiri, wala hununi.

Ufundi wake hasa ulikuwa kwenye majina. Kwa watu wa huku, kadi ya harusi isiyo na jina la mwalikwa ni karatasi ya matangazo tu. Mtu anaiweka juu ya kabati na siku ya harusi anakwenda shambani kwake. Kadi lazima imwite mtu. Kwa hiyo Gaudensi alikaa na orodha ya kamati, akaandika jina moja moja kwenye kompyuta, kadi moja moja. Jina fupi alilipanua kidogo lisionekane limekonda. Jina refu la ukoo wa kutoka Usukumani alilibana mpaka likaingia kwenye mstari bila kukanyaga ua. Hakupima kwa rula. Aliangalia tu, akafinya jicho moja, akasema, "Hapo."

Jicho hilo ndilo alilokuwa akijivunia kuliko kitu chochote alichokuwa nacho, duka likiwemo.

Sasa tuje kwenye hiyo plagini. Ni programu ndogo tu, inapachikwa ndani ya ile programu kubwa ya kuchorea, inaifanya ifanye kazi ambayo peke yake haiwezi. Ya Generosa ilikuwa inachukua orodha ya majina kama ilivyotumwa na kamati kwenye simu, inakwenda kulipanga kila jina kwenye kadi yake, inabana lile refu na kupanua lile fupi, kisha inazipeleka zote kwenye printa. Kazi iliyokuwa inampotezea Gaudensi siku nzima, yenyewe ilimaliza kabla chai haijapoa.

Lakini kilichomchoma zaidi si hicho. Kilichomchoma ni kwamba ilitengenezwa pembeni ya kiwiko chake, naye hakuiona.

Ilikuwa hivi. Umeme ukikatika, na ulikatika sana, Gaudensi aliisukuma kompyuta pembeni na kutoa simu. Kwenye simu alikuwa na gemu la pikipiki. Halikutaka bando wala mtandao. Unalifungua popote, unapanda milima, unaruka mabonde, ukikosea pikipiki inapinduka na dereva anavunja shingo. Gaudensi alilimudu kupita kiasi. Alikuwa amefika mlima ambao hakuna mtu Majengo nzima aliyewahi kuuona. Madereva wa bodaboda wa kijiwe cha jirani, ambao umeme ukikatika nao walikuwa hawana redio, walikuja kuegemea kaunta na kuangalia simu yake wakiwa wameshika vichwa.

"Kaka, wewe ungekuwa unapeleka abiria Mwese tungekukoma!" jamaa mmoja alikuwa akisema, na wote wanacheka, na Gaudensi anacheka kuliko wote, vidole havitulii, pikipiki iko hewani.

Nyuma yake Generosa alikuwa ameinamia kompyuta, anatumia chaji iliyobaki kwenye betri. Alikuwa na video za mafunzo alizozipakua kwa bando la usiku, anaangalia kidogo, anasimamisha, anaandika mistari yake isiyoeleweka, anafuta, anaandika tena.

"Unafanya nini huko, Mama Glory?"

"Najaribu kitu."

"Usije ukaniharibia mashine."

Basi. Maswali yake yote yaliishia hapo. Akarudi kwenye mlima wake. Na siku Generosa alipomwita aje aone, akabonyeza kitufe, na waumini wa kanisa zima wakajipanga kwenye kadi bila mkono wa mtu kugusa, Gaudensi alisema "hongera" kwa mdomo, ila rohoni kitu kilimkwama kama mwiba wa samaki.

"Umeiitaje?" akauliza, kwa sauti ya kutojali ambayo ilimgharimu sana.

"Karani."

Karani! Alikuwa ametegemea walau jina la duka. Walau Gaude. Alikwenda kununua vocha ambayo hakuihitaji.

Tangu hapo alijaribu kushindana nayo, na hapo ndipo mtu unamwonea huruma huku unacheka. Alikuwa anachukua kazi kwa siri, anajifungia na kuandika majina mwenyewe haraka haraka, na alipoinua kichwa Karani alikuwa ameshamaliza harusi mbili na kipaimara. Akaanza kuwaambia wateja kwamba kazi ya mkono ina roho. Wateja walitikisa kichwa kwa heshima, wakasema ni kweli kabisa, kisha wakaenda kusimama upande wa Generosa.

Halafu akaja Innocent.

Generosa alikuwa ameiweka Karani kwenye kundi la wachoraji kwenye simu, ili mwenye shida kama yao aijaribu bure. Wakaichukua watu wa Sumbawanga, wakaichukua wa Tabora, na huko Dar es Salaam akaichukua mtu mmoja aitwaye Innocent. Huyu hakuishia kuichukua. Alituma sauti. "Mama Glory, wewe ni noma! Yaani nakwambia wewe ni noma!" Sauti nzito, ya mtu aliyeshiba. Kisha akaanza kupiga kabisa. Simu ikiita, Generosa alitoka nje kwenye mtandao mzuri, chini ya ukingo wa bati, na Gaudensi akiwa ndani alisikia mke wake anacheka. Kicheko kirefu, cha kutoka tumboni, ambacho hakukumbuka mara ya mwisho alichekewa yeye lini.

"Alikuwa anasemaje?"

"Mambo ya plagini tu."

Mambo ya plagini. Gaudensi hakujua sasa amwonee wivu nani. Mke kwa ajili ya kazi, au Innocent kwa ajili ya mke, au kile kijiprogramu kisicho na mikono wala macho ambacho kiliwaleta watu hawa pamoja na kumwacha yeye nje. Akawaonea wote. Ukimwangalia usoni ungedhani jino linamsumbua.

Hali ilikuwa hiyo mpaka kazi ya harusi ya akina Ndaki ilipofika.

Mzee Ndaki ni mfugaji, aliingia kijiji cha Mamba na ng'ombe zake kutoka Usukumani zamani, akatulia, akalima mpunga, akazaa. Kijana wake Lyamba alikuwa anaoa mjini Mpanda, na mzee alitaka kualika kila mtu aliyewahi kumpa maji ya kunywa. Mwenyekiti wa kamati alikuwa Nashon, mdogo wake mzee, mtu wa sauti kubwa aliyekuwa na nyumba mtaa wa Makanyagio, hapa mjini. Yeye ndiye aliyeleta kazi.

"Nyie ndio tunawategemea," Nashon alisema, akiwa amesimama mbele ya Generosa, na Gaudensi akaona jinsi neno "nyie" lilivyokuwa linamwangalia mtu mmoja tu. "Mzee ana neno moja tu. Hataki mtu aitwe vibaya. Orodha nimeituma, kila jina nimeweka kama ni single au double."

Kila aliyewahi kupewa kadi anajua maana yake. Single ni ya mtu mmoja. Ukifika ukumbini na mwenzako, mwenzako atabaki getini. Double ni ya wawili. Na double mara nyingi ni mume na mke, ndiyo maana Generosa alikuwa amemfundisha Karani jambo rahisi: akikuta double, mbele ya jina aweke "Bw. na Bi."

Karani alifanya kazi yake. Kadi zikatoka, za rangi ya maziwa na ua la dhahabu pembeni, zikajaa meza. Generosa alikuwa amesimama tangu asubuhi. Akajinyoosha mgongo, akasema, "Baba Glory, hebu nipitishie macho kabla hazijaondoka. Mimi yangu yameshachoka."

Hata akiwa na kinyongo chake chote, maneno hayo yalimpendeza. Macho ilikuwa ndiyo kazi pekee aliyobakishiwa. Akavuta kiti, akaanza kuzipitia kama mtu anayechambua mchele, na kusema kweli alikuwa anaomba akutane na jiwe. Hakukutana nalo. Hakuna jina lililokanyaga ua. Hakuna lililokonda. Yale marefu yalikaa vizuri kuliko ambavyo angeyakalisha yeye, na kila kadi nzuri aliyoiweka chini ilimwongezea uchungu.

Mpaka akashika moja iliyoandikwa: Bw. na Bi. Malale.

Mwalimu Malale walimzika wakati wa Kwaresima. Gaudensi alijua vizuri, kwa sababu fulana za msiba alizitengeneza yeye. Mjane, Mama Pudensiana, alikuja dukani mwenyewe, akakaa kwenye kile kiti cha wateja na bahasha ya picha mapajani, na Gaudensi akamsaidia kuchagua ile ambayo mwalimu alikuwa anacheka. Generosa wakati huo alikuwa Mwese anamuuguza mama yake.

Moyo ukamruka. Si kwa huzuni. Alifurahi, na hilo lisemwe kama lilivyo.

Kosa alilielewa papo hapo. Akina Ndaki mjane wanampa double kwa heshima, aje na mtoto au ndugu wa kumshika mkono, asiingie ukumbini peke yake na kukaa kama mtu aliyesahauliwa. Nashon aliandika tu double. Angeandika nini zaidi, wakati kila mtu Mpanda anajua? Kila mtu anajua, isipokuwa Karani. Karani aliona double, akamfufua marehemu na kumwalika harusini.

Gaudensi akazipekua zilizobaki, sasa kwa mikono myepesi. Akapata nyingine: Bw. na Bi. Ezekia, Kawajense. Na nyingine tena: Bw. na Bi. Silvester, Katumba. Wajane wote hao alikuwa anawafahamu. Akaziweka kadi tatu kwenye kiganja na kufungua mdomo kumwita mke wake.

Simu ya Generosa ikaita. Akaitazama, uso ukamng'aa, akatoka nje chini ya bati. "Haloo, Innocent! Enhe, niambie." Na kile kicheko kikaanza.

Gaudensi akafunga mdomo. Alikaa hivyo, kadi mkononi, anasikiliza. Nje kicheko kiliendelea. Kisha, taratibu, kama mtu anayerudisha vitu vya watu mahali pake, alizichomeka zile kadi tatu kila moja kwenye fungu lake: ya hapa mjini, ya Kawajense, ya Katumba.

"Vipi," Generosa alipoingia akauliza, bado anatabasamu, "ziko sawa?"

"Ziko sawa."

Hakulala vibaya, wala dhamiri haikumpigia kelele. Alijiambia ni jambo dogo. Kadi itarudishwa, watu watacheka, watasema mashine haijui watu, Gaudensi ndiye anayejua watu, na kila kitu kitarudi kilipokuwa. Ilimjia picha ya wateja wakiingia na kusimama upande wake wa kaunta. Picha hiyo aliishikilia siku nzima ya kesho yake. Umeme ulipokatika alitoa simu, jamaa wa bodaboda wakaja kuegemea, lakini pikipiki ilikuwa inapinduka kwenye kilima cha mwanzo kabisa, kile cha watoto, tena na tena, mpaka wale jamaa wakaguna na kuondoka mmoja mmoja.

Nashon alipiga simu asubuhi iliyofuata. Hakusalimia. "Njooni Makanyagio, wote wawili. Sasa hivi."

Walimkuta sebuleni amesimama. Kwenye kochi alikuwa amekaa Mama Pudensiana, kitambaa cheusi kimebanwa begani kwa pini, mikono imepishana mapajani. Mbele yake kwenye meza ndogo ilikuwa kadi moja ya rangi ya maziwa.

Hapo Gaudensi alishtuka kwa mara ya kwanza. Kwenye ile picha yake yote ya wateja na kaunta, mwanamke huyu hakuwemo.

"Soma," Nashon akamwambia Generosa.

Generosa akasoma kimya kimya. Uso wake ukabadilika, akaweka mkono mdomoni.

"Ililetwa tukiwa tunakula," Mama Pudensiana akasema. Sauti yake ilikuwa ya chini, haina ugomvi. "Binti yangu Faith ndiye aliyeipokea. Kadi zikija kwetu zinasomwa kwa sauti, baba yao aliwazoesha hivyo. Akasoma. Alipofika kwenye jina akanyamaza, halafu akaniangalia mimi, kama mimi ndiye niliyeandika. Akaacha chakula, akaingia chumbani."

Generosa alipiga magoti pale pale kwenye sakafu. "Mama, nisamehe. Kosa ni langu. Niliifundisha mashine kwamba kila double ni mume na mke. Sikuifundisha habari za mjane. Sikufikiria. Ni langu mimi."

"Mashine!" Nashon alikuwa amengojea neno hilo. "Mashine inajua nini? Zamani Gaudensi akikaa na kuandika jina moja moja, mambo kama haya tuliyasikia lini? Mashine haijui watu. Gaudensi anajua watu!"

Yalikuwa ni maneno yale yale. Neno kwa neno, kama vile mtu alimwambia Nashon ayaseme. Gaudensi alikuwa ameyangojea kwa miezi, na sasa yalipomfikia, pamoja na mjane kwenye kochi, pamoja na mke wake magotini, kifua kilimpanda. Hakuweza kukizuia. Binadamu ni kitu cha ajabu.

"Na nyingine je?" Nashon akaendelea. "Mafungu yameshatoka. La Mamba limekwenda na basi, la Katumba kijana anaondoka nalo leo. Tutajuaje nani mwingine kaandikiwa hivi?"

"Nipeni nafasi," Generosa akasema akiwa bado magotini. "Nitakaa na orodha, niulize jina moja moja…"

"Hakuna haja," Gaudensi akasema. Alisogea mbele. Sauti ilimtoka nzito, ya fundi, kama enzi zile. "Ziko tatu tu. Hii, na ya Mama Ezekia wa Kawajense, na ya mke wa marehemu Silvester kule Katumba. Fungu la Mamba halina shida. Mpigie huyo kijana airudishe ya Katumba kabla hajaondoka."

"Mnaona!" Nashon akajipiga paja. "Mnaona jicho la fundi! Fundi ni fundi tu!" Na tayari alikuwa anatafuta namba ya kijana, anatoka uani, anapayuka kwenye simu.

Generosa alikuwa ameinua uso. Alimwangalia mume wake, na Gaudensi aliona hesabu ikipita machoni mwake. Kadi hizi wao hawajazishika tena tangu zilipotoka dukani. Orodha haisemi nani ni mjane. Amejuaje kuwa ni tatu?

Lakini aliyesema ni Mama Pudensiana.

"Kumbe yangu uliiona, Gaudensi."

"Mama, mimi…"

"Uliiona, ukaiacha ije."

Yule mama hakupandisha sauti. Alisema, "Ile picha ya kwenye fulana tuliichagua mimi na wewe. Nilikwenda nyumbani nikawaambia watoto, yule fundi ana utu." Kisha akainama, akamshika Generosa mkono. "Inuka, mwanangu. Wewe hukuiona."

Kutoka Makanyagio mpaka Majengo si mbali, lakini siku hiyo njia ilirefuka. Generosa alitangulia, kanga ameikaza kiunoni, vumbi linaruka kwenye visigino vyake. Gaudensi alifuata nyuma. Wakapita soko, wakapita kituo cha mafuta. Alipoona hageuki, akaamua kujitetea, na kama kawaida ya mtu mwenye wivu, akaanzia pale panapomuuma yeye.

"Nilikuwa nataka kukuambia. Kadi nilizishika mkononi kabisa. Ukapigiwa simu na yule Innocent wako, ukatoka unacheka…"

Generosa akasimama. Akageuka.

"Unajua Innocent ananipigia kunambia nini?"

"Nitajuaje? Mnaongelea nje."

"Makosa," Generosa akasema. "Ananipigia kunambia makosa yangu. Yule baba ana miaka karibu sitini, sijawahi kumwona uso. Akiona Karani kakosea, siku hiyo hiyo ananipigia. Mara imegeuza jina la padri likawa la mwanamke, mara imemwandika bibi harusi mara mbili kwenye kadi moja. Ndiyo hayo ninayocheka. Najicheka mwenyewe." Akamnyooshea kidole mume wake. "Mtu wa Dar asiyenijua. Na wewe nalala na wewe kitanda kimoja."

"Nilikuwa na wivu, Mama Glory."

"Najua. Kila mtu Majengo anajua ulikuwa na wivu. Mimi nilidhani ni wa kununa tu, nikasema utaisha. Sikujua ni wa kumfanya mtoto wa watu aache chakula."

Hakumtukana, hakulia, hakusema ataondoka. Angefanya moja kati ya hayo, Gaudensi angejua la kujibu. Alifunga tena kanga yake na kuendelea kutembea.

Kadi tatu zilichapwa upya mchana ule ule. Generosa aliziandika mwenyewe bila Karani, akazipeleka mwenyewe, Kawajense kwa miguu na Katumba kwa bodaboda. Harusi ikafanyika, Lyamba akaoa, Mama Pudensiana alionekana ukumbini ameshikwa mkono na Faith. Nashon aliendelea kumsifu Gaudensi kila kona ya mji. Alimsifu kwenye maikrofoni mbele ya wageni wote, "fundi wetu mwenye jicho," na watu wakapiga makofi, na Gaudensi akasimama kuinamisha kichwa huku meza mbili tu kutoka kwake Generosa na Mama Pudensiana hawakupiga.

Generosa aliirekebisha plagini. Sasa Karani akifika kwenye double husimama na kuuliza: hawa ni mume na mke, au la? Lazima mtu anayewajua watu ajibu. Gaudensi alipoliona hilo swali likitokea kwenye kioo alipata matumaini, kwa sababu ni nani Majengo anayewajua watu kumshinda yeye? Akajiandaa. Siku kazi ya harusi nyingine ilipoingia alizima simu kabisa, gemu na kila kitu, akafuta kioo cha kompyuta kwa kitambaa, akavuta kiti chake karibu na cha mke wake.

Kadi zilikuwa zimeshatoka, zimepangwa mezani kwa mafungu.

"Lete nizipitie," akasema, na kunyoosha mkono.

"Zimeshapitiwa," Generosa akajibu. Hakuwa na hasira. Alisema kama mtu anavyosema chai imekwisha.

"Zimepitiwa na nani?"

Generosa akaonyesha kwa kidevu. Upande wa pili wa kaunta, kwenye kiti cha wateja, Mama Pudensiana alikuwa anavua miwani yake na kuirudisha kwenye mkoba, fungu la mwisho likiwa mapajani mwake.

"Ziko sawa, mwanangu," alimwambia Generosa. "Nimezisoma zote kwa sauti."

Gaudensi akarudisha mkono wake.